Simu ya Raia na Hati ya Mahakama

Katika wilaya ya Nchelenge, kwenye mwambao wa Ziwa Mweru unaotazamana na Kongo, simu ya mkononi imekuwa daftari, mkoba wa fedha na sanduku la barua kwa pamoja. Mchuuzi wa samaki wa Kashikishi huagiza mzigo, hulipa deni na huzungumza na nduguze walio ng'ambo kwa chombo hicho kimoja. Mfanya magendo naye hutumia chombo kile kile, na askari anayelinda mpaka analijua hilo. Hapo ndipo linapozuka swali zito: mlinzi wa usalama ana mamlaka gani juu ya siri iliyomo katika simu ya raia?

Kiini cha swali hilo ni cha zamani kuliko simu za mkononi. Kuanzia 1953 hadi 1963 Zambia, ikiitwa Rhodesia ya Kaskazini, ilifungwa ndani ya Shirikisho la Rhodesia na Nyasaland. Mahakama ya Juu ya Shirikisho ilianza mwaka 1955, lakini katiba ya shirikisho hilo haikuwa na sura ya haki za raia ambayo majaji wangeweza kuisimamia. Mwafrika aliyeonewa na dola hakuwa na ngao hiyo ya kusimama nayo mbele ya hakimu.

Uhuru wa tarehe 24 Oktoba 1964 uliziingiza haki hizo katika Katiba. Leo Ibara ya 17 inakataza mtu au mali yake kupekuliwa bila ridhaa yake, isipokuwa kwa mujibu wa sheria. Ibara ya 20 inalinda mawasiliano yake. Ibara ya 28 inampa njia ya kwenda Mahakama Kuu haki hizo zinapovunjwa.

Hata hivyo, haki iliyoandikwa hupimwa siku inapodaiwa. Mwaka 1976 Mahakama ya Juu ya Zambia ilisikiliza shauri la inspekta wa polisi aliyetiwa hatiani kwa hongo. Upekuzi uliomnasa ulifanywa kwa hati isiyokuwa halali. Majaji waliamua kwamba ushahidi unaohusu kesi hupokelewa hata kama umepatikana kinyume cha sheria. Lakini kuupokea ushahidi hakukuugeuza upekuzi ule kuwa halali. Miaka 20 baadaye, Januari 1996, mahakama hiyo hiyo ilibatilisha kifungu kilichowalazimu wananchi kuomba kibali cha polisi kabla ya kukutana hadharani, katika sheria yenye asili ya mwaka 1955. Sheria ni msumeno, hukata mbele na nyuma.

Amri ya 1976 ilitolewa wakati ambapo upekuzi uliishia kwenye mfuko, kabati au chumba. Simu ya leo hufichua barua za miaka mingi, picha za familia, ugonjwa wa mtoto na salio la fedha. Uzito wa upekuzi umebadilika, ingawa jina lake ni lile lile.

Mahakama za shirikisho za Marekani zimepita njia hiyo. Mwaka 1928 Mahakama ya Juu ya nchi hiyo ilisema kusikiliza simu kwa waya ulioungwa nje ya nyumba si upekuzi, kwa kuwa hakuna aliyevuka kizingiti. Kosa hilo lilidumu hadi 1967, mahakama iliposema kwamba Katiba humlinda mtu, wala si kuta tu. Mwaka 2014 majaji wote tisa walikubaliana kwamba polisi aliyemkamata mtuhumiwa anaweza kuishika simu yake, lakini kwa kawaida asiyasome yaliyomo mpaka apate hati. Dharura ya kweli iliachiwa nafasi yake.

Zambia nayo ilijaribiwa tarehe 12 Agosti 2021, siku ya uchaguzi, WhatsApp na mitandao mingine ilipofungwa. Shirika la Chapter One Foundation lilikwenda Mahakama Kuu, na siku iliyofuata mahakama ikaamuru mawasiliano yarejeshwe. Machi 2022 pande mbili zilifikia hukumu ya maafikiano: mamlaka ya mawasiliano ya nchi hiyo, ZICTA, iliahidi kutokatiza mawasiliano nje ya uwezo wake wa kisheria, na kuueleza umma sababu ndani ya saa 36 yanapokatika. Aprili 2025 zilitiwa saini sheria mbili mpya, moja ya usalama wa mtandao na nyingine ya makosa ya mtandao. Nazo ziko chini ya Katiba ile ile.

Fundisho kwa askari jeshi na polisi ni bayana. Simu ya mshukiwa ikamatwe, iandikwe katika daftari la kituo, ihifadhiwe, kisha hakimu aombwe hati. Kazi hiyo huchukua muda, lakini humkinga askari mwenyewe asishtakiwe. Zaidi ya hayo, mvuvi wa Mweru ndiye jicho la kwanza la mpaka. Akiona simu yake inasomwa ovyo kizuizini, kesho atakapoona mtumbwi wa silaha usiku atanyamaza, na hasara ya ukimya huo itakuwa ya taifa zima.