Nyoka vipofu wa Kongo: majina yao yalitoka wapi?



Wakati wa kulima, jembe linageuza udongo, kitu chembamba kinajikunja pale, kinang'aa, kichwa na mkia vinafanana. Mara moja mtu analia: "Nyoka ya vichwa mbili!" na anakata. Kumbe ni nyoka kipofu. Hana sumu, na kinywa chake ni kidogo sana, hata kuuma mtu hawezi. Anakula mayai na watoto wa sisimizi na mchwa. Macho iko, lakini yamefunikwa na gamba. Anajua mwanga na giza, basi.

Wataalamu nao walisumbuka sana na huyu nyoka, juu wote wanafanana. Mwaka 1811, Mjerumani Oppel alitoa jina Typhlops, kutoka neno la Kigiriki lenye maana ya kipofu. Mwaka 1844, Wafaransa Duméril na Bibron waliangalia ndani ya kinywa: wengine wana meno juu tu, wengine chini tu. Wa meno ya juu ndio jamaa ya Typhlops. Wa meno ya chini ndio tunaweza kuita nyoka uzi, vile ni wembamba. Mgawanyo huo ungali unasimama mpaka leo.

Kwetu Kongo hesabu ilianza wakati wa ukoloni. Kati ya 1909 na 1915, Lang na Chapin walikusanya wanyama kwa ajili ya jumba la makumbusho la New York, na mwaka 1923 Schmidt aliandika kitabu juu ya nyoka waliopatikana. Mwaka 1919, Boulenger, Mbeljiki aliyefanya kazi London, alieleza nyoka uzi mmoja wa Katanga, akamwita kafubi. Ndiyo, Kafubu ile ile ya Lubumbashi! Kisha de Witte akaongoza utafiti mu Hifadhi ya Upemba, 1946 mpaka 1949. Mwaka 1953 akatoa nyoka mwingine, kibarae, kwa jina la milima ya Kibara. Mwaka 1974, Mfaransa Roux-Estève alipitia jamaa ya Typhlops ya Afrika nzima, akihesabu mistari ya magamba na kuangalia mifupa. Mmoja wa Kongo alimpa jina wittei, heshima kwa de Witte.

Gunia la Typhlops lilikuwa limejaa kupita kiasi. Broadley na Wallach walilipanga upya: mwaka 2007 wale wembamba kama kibarae wakaingia Letheobia, na mwaka 2009 wengi wa Afrika wakaingia Afrotyphlops. Mwaka 2010 utafiti wa ADN ukaonyesha kwamba ukoo huu ni wa kale sana, tangu Afrika, Madagaska, India na Amerika ya Kusini zilipokuwa bara moja, Gondwana. Ndiyo sababu moja tunawapata pande zote hizo: nchi ziliachana na wao ndani yake, na wengine wakavuka bahari.

Mmoja tu alisafiri na watu. Ni braminus wa India, aliyepewa jina na Daudin mwaka 1803. Anajificha mu udongo wa vyungu vya maua, na wote ni majike: anazaa bila dume. Mmoja akifika, ukoo umeanza. Ndivyo alifika mpaka pwani ya Afrika Mashariki.

Sasa tuangalie majina yetu matatu: mto, mlima, na mkubwa wa msafara. Na wale waliochimba, waliojua nyoka analala chini ya kichuguu gani? Mu majina hayo hawamo. Mifano mingi ya nyoka wetu iko mu chupa za Tervuren, London na New York. Lakini udongo uko kwetu, na kule Katanga migodi na viwanja vya nyumba vinaugeuza kila siku. Nyoka anayeishi sehemu moja ndogo tu anaweza kwisha hata mbele hatujajua alikuwapo.

Kwa hiyo, ndugu, hasa waliosoma biolojia na kilimo: jembe likimtoa, usikate. Piga picha, andika mahali na tarehe, uliza wazee wa pale wanamwita nani, kisha mrudishe chini. Orodha ya kwanza iliandikwa na wageni. Inayofuata, sisi tuko na kalamu.