Uwanja Mmoja, Ndimi Nyingi: Jina na Maandishi kwa Waanglo-Saksoni na Waluhya wa Kakamega

Katika vitabu vingi vya historia ya fasihi ya Kiingereza, Waanglo-Saksoni huonyeshwa kama shina la kale lililoota lenyewe: taifa moja, damu moja, lugha moja. Waluhya wa Kakamega, kwa upande wao, huelezwa mara kwa mara kuwa kabila lililobuniwa majuzi chini ya ukoloni. Mhakiki anayekubali kauli zote mbili anapima kwa mizani mbili. Majina hayo mawili yalizaliwa kwa namna zinazokaribiana; yaliyotofautiana ni mambo yaliyozipata lahaja baada ya jina kukubaliwa.

Watu waliovuka bahari kutoka pwani za Ujerumani na Denmark za leo katika karne ya 5, baada ya utawala wa Roma kukoma nchini Britania, hawakuwa taifa. Walikuwa Waangli, Wasaksoni, Wajuti na wengineo, waliochanganyika na wenyeji na kuunda falme zilizopigana zenyewe kwa zenyewe: Northumbria, Mercia, Kent, Wessex na nyinginezo. Cerdic, anayetajwa kuwa mwasisi wa ukoo wa kifalme wa Wessex, ana jina lenye asili ya Kikelti, ingawa nasaba yake ilipandishwa hadi kwa mungu Woden. Aliyeyapa makundi haya jina moja kwa uzito wa maandishi ni mtawa Bede wa Jarrow, ambaye mwaka 731 alikamilisha, kwa Kilatini, historia ya kanisa la watu wa Kiingereza. Wakati huo hapakuwa na mfalme mmoja wa Waingereza. Athelstan alipoitwaa York mwaka 927 na kuwa mtawala wa wote, karibu miaka 200 ilikuwa imekwisha kupita. Kwa Waingereza, basi, kitabu kilitangulia dola.

Magharibi mwa Kenya mambo yalikwenda kinyume cha utaratibu huo. Oluyia ni uwanja ambapo wazee wa ukoo hukutana kuamua mambo. Kabla ya neno hilo kuwa jina la watu wengi, mtu alikuwa Mwisukha, Mwidakho, Mtsotso, Mwanga, Mmaragoli au Mbukusu. Baadhi ya koo husimulia kwamba zilitoka Misri. Nyingine hukiri undugu na majirani Wakalenjin. Serikali ya kikoloni, iliyohamisha makao ya wilaya kutoka Mumias hadi Kakamega mwaka 1920, iliwaita wote kwa jina la Kavirondo, ambalo wao wenyewe hawakujipa.

Hofu ndiyo iliyowakutanisha uwanjani. Mwaka 1931 dhahabu iligunduliwa Kakamega. Mwaka uliofuata serikali ilirekebisha sheria ya ardhi ya Waafrika, hata ikawezekana kuchukua ardhi kwa ajili ya migodi bila kulipa ardhi nyingine badala yake. Chama cha North Kavirondo Central Association kilichoinuka katika miaka hiyo kilitetea ardhi kwa niaba ya wote, kikadai pia Nabongo Mumia wa Wanga atambuliwe kuwa mkuu wa wote. Katika harakati za miaka ya 1930 na 1940 jina Abaluyia lilienea. Wanahistoria walifuata nyuma: Günter Wagner, katika juzuu ya kwanza ya utafiti wake iliyotolewa mwaka 1949, bado aliandika juu ya Wabantu wa Kavirondo ya Kaskazini. John Osogo mwaka 1966, na Gideon Were mwaka 1967, ndio walioliweka jina la Abaluyia katika anwani za vitabu vya historia.

Njia zinaachana katika suala la lugha. Baada ya kumshinda Guthrum huko Edington mwaka 878, Mfalme Alfred wa Wessex alianzisha kazi ya kutafsiri vitabu vya Kilatini kwa Kiingereza. Kufikia mwisho wa karne ya 10, lahaja ya Wessex ilikuwa lugha sanifu ya waandishi. Sehemu kubwa ya ushairi wa Kiingereza cha Kale imo katika hati nne za takriban mwaka 1000, na kwa kiasi kikubwa katika sura ya lahaja hiyo. Wimbo wa Caedmon, mchunga mifugo wa Northumbria anayesimuliwa na Bede, ni mojawapo ya vipande vichache vilivyobaki pia katika lahaja ya nyumbani kwao. Lugha sanifu iliuhifadhi ushairi huo, na papo hapo ikameza sauti za waliouimba.

Katika miaka ya 1940 kamati ya lugha ya Kiluhya, ambamo mmisionari Mwanglikana Lee Appleby alitoa mchango mkubwa, ilijaribu kusanifisha maandishi kwa msingi wa lahaja za kati, Kiwanga kikiwa mojawapo. Wamaragoli walikataa. Walikuwa na Agano Jipya lao tangu mwaka 1925, kazi ya Emory Rees na Joel Litu, na Biblia yao kamili ikatoka mwaka 1951. Kwa Wabukusu, ambao mwaka 1895 walishambuliwa na Waingereza wakisaidiwa na Wawanga, lahaja ya Wanga ilibeba kumbukumbu nyingine. Jina lilipokewa, lugha moja ya maandishi ikakosa wafuasi wa kutosha.

Kila upande ulilipa gharama yake. Wessex ilipata maktaba, Northumbria ikapoteza sauti. Kakamega ilibaki na ndimi zake hai, lakini mwandishi wa lahaja moja ana wasomaji wachache, na wengi wamekimbilia Kiingereza au Kiswahili. Ngoma ya isukuti ilipoingizwa na UNESCO mwaka 2014 katika orodha ya urithi unaohitaji kulindwa kwa haraka, iliandikwa kwa majina ya Waisukha na Waidakho. Huo ni mfano mwema kwa mkusanyaji wa fasihi simulizi: aandike kila wimbo katika lahaja ya mwimbaji, kisha aweke tafsiri kando yake. Wanakili wa Wessex hawakufanya hivyo, na mengi ya Northumbria hayawezi tena kusikika.