Siku Wapoland walipokata majina ya wakubwa

Mpiga kura wa Poland aliyeingia kituoni Jumapili ya Juni 4, 1989 hakutakiwa kuweka alama ya vema mbele ya anayemtaka. Alitakiwa kushika kalamu na kukata majina ya asiowataka. Utaratibu huo ulikuwepo kwa miaka mingi ya utawala wa kikomunisti, ila wengi hawakuthubutu kuutumia: walikunja karatasi kama walivyopewa, wakaitumbukiza sandukuni, wakaenda zao. Kukata jina la mkubwa kulitaka moyo. Safari hii watu walikata.

Karatasi moja ilikuwa na majina 35 ya vigogo wa chama tawala na washirika wake, akiwemo waziri mkuu Mieczysław Rakowski. Hawakuwa na mpinzani hata mmoja. Walichohitaji ni kuvuka nusu ya kura tu, na 33 kati yao hawakuivuka. Wapiga kura walivuta mistari mirefu kutoka juu ya orodha hadi chini, na inasimuliwa mpaka leo kwamba mmoja wa wale wawili walionusurika aliokolewa na kukaa mwisho kabisa wa orodha, kalamu nyingi zikaishia kabla ya kumfikia.

Siku hiyohiyo jeshi la China lilikuwa likiua waandamanaji jijini Beijing. Kila mtu Warsaw aliijua habari hiyo, na kila mtu alijua pia kwamba Poland yenyewe ilishawahi kumwaga damu ya watu wake. Desemba 1970 bei za vyakula zilipopandishwa, wafanyakazi wa miji ya pwani ya Baltiki waliingia barabarani, askari wakawafyatulia risasi na kuua zaidi ya watu 40. Miaka kumi baadaye, Agosti 1980, uongozi wa karakana ya meli ya Gdańsk ulimfukuza kazi mwendesha winchi Anna Walentynowicz, ikiwa imebaki miezi michache tu astaafu. Wenzake waligoma. Fundi umeme Lech Wałęsa, ambaye naye alikuwa ameshafukuzwa, alipanda ukuta akaingia ndani kuwaongoza. Mgomo huo ndio uliozaa Mshikamano, Solidarność kwa Kipoland, chama huru cha wafanyakazi kilichofikia wanachama milioni 10 katika nchi yenye watu wasiozidi milioni 36. Desemba 13, 1981 Jenerali Wojciech Jaruzelski alitangaza sheria ya kijeshi. Vifaru viliingia mitaani, simu zikakatwa, maelfu wakatiwa ndani, na siku tatu baadaye polisi wakawaua wachimba makaa tisa katika mgodi wa Wujek.

Kwa nini basi watu walewale, baada ya miaka saba, walikubali kuketi meza moja? Mosi, serikali iliishiwa. Deni la nje lilikaribia dola bilioni 40, nyama iligawiwa kwa kadi, na migomo ya mwaka 1988 iliongozwa na vijana ambao mwaka 1980 walikuwa bado wako shuleni. Pili, Moscow chini ya Mikhail Gorbachev haikuwa tena tayari kutuma majeshi. Tatu, na hili mara nyingi husahaulika, Mshikamano nao ulikuwa umechoka. Ulijua unaweza kuisumbua serikali, lakini hauna uwezo wa kuing'oa.

Mazungumzo yalifunguliwa Februari 6, 1989, kuzunguka meza kubwa ya duara ambayo bado imehifadhiwa katika Ikulu ya Warsaw. Upande mmoja aliketi Wałęsa na wenzake, wengi wao wafungwa wa zamani. Upande wa pili aliketi Jenerali Czesław Kiszczak, waziri wa mambo ya ndani, ambaye polisi wake ndio waliowafunga. Yaliyokuwa mazito yalimalizwa mbali na kamera, kwenye nyumba ya wizara hiyo huko Magdalenka, nje kidogo ya jiji. Aprili 5 walitia saini. Chama tawala na washirika wake walitengewa asilimia 65 ya viti vya Sejm, bunge la chini, na viti vilivyobaki 161 vikaachwa vigombewe. Seneti yenye viti 100 ingepigiwa kura huru moja kwa moja.

Wakubwa waliamini wamejikinga vya kutosha. Baada ya duru mbili, Mshikamano ulikuwa umechukua viti vyote 161 na viti 99 vya Seneti.

Mimi naona sehemu muhimu kuliko zote katika historia hii ilikuja baada ya ushindi huo. Kwa kuanguka kwa wale vigogo, viti 33 vilibaki wazi na sheria haikusema vijazwe vipi. Mshikamano ungeweza kusema imekula kwao. Badala yake ulikubali kanuni zibadilishwe katikati ya uchaguzi ili chama tawala kipate viti kilivyoahidiwa. Wafuasi wengi waliudhika, na walikuwa na haki ya kuudhika. Julai 19 bunge lilipomchagua rais, Jaruzelski alipita kwa kura moja tu, kwa sababu wabunge kadhaa wa Mshikamano waliharibu kura zao makusudi au hawakutokea ukumbini. Walimpitisha mtu aliyewatia gerezani ili makubaliano yasivunjike na majenerali wasipate kisingizio.

Nao upande wa pili ulilipa deni lake. Kiszczak alijaribu kuunda serikali Agosti akashindwa, maana vyama vidogo vilivyokuwa mkia wa wakomunisti kwa miaka 40 vilihamia kwa Wałęsa. Hakuna kifaru kilichotoka kambini. Septemba 12, 1989 Tadeusz Mazowiecki, mwandishi wa habari Mkatoliki aliyewahi kukaa kizuizini kwa mwaka mzima, aliwasilisha serikali yake bungeni. Katikati ya hotuba alipatwa na kizunguzungu, akatolewa nje apunge hewa, akarudi na kuendelea. Ukuta wa Berlin ulikuwa bado umesimama.

Kilichofuata kiliuma. Januari 1, 1990 waziri wa fedha Leszek Balcerowicz alianza kuondoa ruzuku na kuachia bei zijipange sokoni. Ndani ya mwezi huo mmoja bei zilipanda kwa karibu asilimia 80. Maduka yalijaa bidhaa, mifuko ya watu ikawa mitupu. Mashamba ya serikali yalifungwa na vijiji vizima vikakosa kazi; hadi mwisho wa 1993 ukosefu wa ajira ulikuwa umepita asilimia 16. Karakana ya Gdańsk yenyewe, iliyoanzisha yote haya, ilitangazwa kufilisika mwaka 1996. Uchumi wa Poland ulikuja kukua kuliko wa majirani zake wengi, hilo ni kweli, ila waliolipa gharama ya mwanzo na waliovuna baadaye mara nyingi hawakuwa watu walewale. Anayesimulia mageuzi haya bila kuwataja hao wa kwanza anasimulia nusu ya habari.

Hasira ilijionyesha kwenye kura. Katika uchaguzi wa rais wa mwaka 1990 Mazowiecki alishindwa hata na Stanisław Tymiński, mfanyabiashara aliyerudi kutoka Canada ambaye hakuna aliyekuwa akimjua. Wałęsa alishinda. Mwaka 1991 Sejm ilijaa vyama karibu 30. Mwaka 1993 wakomunisti wa zamani, sasa wakiwa na jina jipya, walirudi madarakani kwa kura, na mwaka 1995 kijana wao Aleksander Kwaśniewski, aliyekuwa upande wa serikali kwenye ile meza ya duara, akamwangusha Wałęsa mwenyewe. Shujaa wa Gdańsk alikasirika, lakini aliondoka. Ni serikali ya haohao wakomunisti wa zamani iliyosimamia katiba mpya ya 1997, na ni Kwaśniewski aliyekuwa rais Poland ilipoingia NATO mwaka 1999 na Umoja wa Ulaya mwaka 2004.

Upepo wa Ulaya ya Mashariki ulivuma hadi kwetu. Kenya ilifuta kifungu cha chama kimoja Desemba 1991. Tanzania ilipokea ripoti ya Tume ya Nyalali, ambayo ilipendekeza vyama vingi ingawa wananchi wengi waliohojiwa walitaka chama kimoja kibaki, na sheria ikabadilishwa mwaka 1992. Wakati huo sisi tulibadilisha sheria. Wapoland walibadilisha pia nani anakalia kiti, na wakambadilisha tena na tena.

Hata hivyo walikaribia kupoteza walichojenga. Kuanzia 2015 chama cha Sheria na Haki, kilichoingia kwa kura halali, kilianza na Mahakama ya Katiba, kikaenda kwenye televisheni ya taifa, kisha mwaka 2017 kikaliweka baraza linaloteua majaji chini ya wabunge. Maelfu waliandamana wakiwa wamebeba katiba mikononi. Mahakama ya Umoja wa Ulaya iliitoza nchi hiyo faini ya euro milioni moja kwa siku mwaka 2021. Chama hicho hakikuiba kura. Kilichukua taasisi ambazo kazi yake ni kumzuia mshindi asijifanyie atakavyo.

Oktoba 15, 2023 zaidi ya asilimia 74 ya wapiga kura walijitokeza, idadi ambayo hata 1989 haikufikiwa, na serikali ikabadilika. Kurekebisha mahakama kumekuwa kugumu kuliko kuziharibu: majaji walioteuliwa kwa utaratibu uliopingwa bado wako kazini, na rais ana kura ya turufu. Juni 2025 mgombea wa upande wa serikali, Rafał Trzaskowski, alishindwa urais na Karol Nawrocki, aliyeungwa mkono na Sheria na Haki, kwa tofauti isiyofika asilimia mbili. Kesho yake alimpongeza mshindi, na Agosti Nawrocki akaapishwa.