Manowari za mfalme zilizopita katika milima ya Katanga

Ndugu wasikilizaji, hasa ninyi mliokimbia makwenu na mnaoishi leo kando ya Ziwa Tanganyika, wengi wenu mmevuka ziwa hili usiku, watoto mikononi. Ni vizuri mjue kwamba zaidi ya miaka 100 iliyopita wafalme wa Ulaya walipigana juu ya maji haya, na kwamba mzigo wa vita hiyo ulibebwa na babu zetu.

Vita Kuu ilipoanza mwaka 1914, Wajerumani ndio waliotawala ziwa. Mnamo Agosti mwaka ule, meli yao Hedwig von Wissmann ilikuja Lukuga, ndiyo Kalemie ya leo, ikaiharibu kwa mizinga meli ya Wabelgiji iliyoitwa Alexandre Delcommune. Tangu siku ile Wajerumani walikwenda popote walipotaka, na upande wa Kongo haukuwa na chombo cha kuwazuia.

Jeshi la majini la mfalme wa Uingereza likaamua kuleta mashua mbili za injini, kila moja na urefu wa mita 12 hivi. Mkuu wa msafara alikuwa Geoffrey Spicer-Simson. Yeye alitaka kuziita Paka na Mbwa, wakubwa wake wakakataa. Ndipo akaziita Mimi na Toutou. Kwetu sisi jina la kwanza linachekesha, lakini ni neno la watoto wa Kifaransa la kuita paka.

Mashua zilitoka Uingereza Juni 1915, zikashuka Cape Town, zikapanda gari la moshi hadi Elisabethville, ndiyo Lubumbashi, kisha Fungurume. Hapo reli iliisha. Mbele kulikuwa na milima ya Mitumba, zaidi ya kilometa 200 bila barabara.

Kazi ngumu ilianza pale. Mamia ya wanaume wa Katanga walikata miti, wakachonga njia na kujenga madaraja kwa magogo. Mashua zilivutwa na mitambo ya mvuke pamoja na ng'ombe, na penye mteremko mkali watu walizishikilia kwa kamba. Mitambo ilikunywa maji mengi, na wakati wa kiangazi wanawake wa vijiji waliyabeba kwa vichwa. Mwisho wa Septemba wakafika Sankisia. Kutoka Bukama wakateremka na mto Lualaba hadi Kabalo, kisha reli ikawafikisha karibu na ziwa mwezi Oktoba.

Tarehe 26 Desemba 1915, siku moja baada ya Noeli, meli ya Kijerumani Kingani ilikaribia Lukuga. Mimi na Toutou zikaifuata, na kwa muda mfupi ikatekwa. Waingereza wakaitengeneza na kuiita Fifi. Tarehe 9 Februari 1916, Fifi na Mimi zikaizamisha Hedwig von Wissmann.

Ilibaki kubwa kuliko zote, Graf von Götzen, yenye urefu wa mita 71. Iliundwa Papenburg, Ujerumani, ikafunguliwa vipande vipande, ikaletwa katika masanduku yapatayo 5,000 hadi Kigoma. Spicer-Simson hakuishambulia. Julai 1916, majeshi ya Wabelgiji, ambayo askari wake wengi walikuwa Wakongomani, yalipokaribia Kigoma, Wajerumani waliizamisha wenyewe, wakiwa wamepaka injini mafuta mazito ili zisioze.

Waingereza waliiopoa mwaka 1924, na mwaka 1927 ikarudi kazini kwa jina la Liemba. Baba zetu wa Uvira na Fizi wanaijua vema: mwaka 1997 ilirudisha makumi ya maelfu ya wakimbizi kutoka Kigoma hadi Uvira. Na mwaka 2015 ikawachukua Warundi waliokwama Kagunga. Meli ya vita iligeuka kuwa meli ya wakimbizi.

Spicer-Simson alipewa nishani, na vitabu vimeandikwa juu yake. Waliochonga njia na waliobeba maji, vitabu hivyo haviwataji kwa majina. Kwa hiyo, ndugu wa Bukama, Kabalo, Kalemie na kambini: kama kuna mzee nyumbani aliyesikia habari hizi kwa baba yake, mkae naye, mmwulize, muandike majina. Tunapohamahama, nyumba hubaki nyuma, lakini habari za wazee tunaweza kwenda nazo.