Mkasi Juu ya Nguo ya Tope: Chris Seydou wa Mali

Seydou Nourou Doumbia alizaliwa mwaka 1949 katika mji wa Kati, jirani na Bamako, wakati Mali ingali chini ya utawala wa Wafaransa. Mama yake alikuwa mtarizi, kwa hiyo sindano na uzi havikuwa vitu vigeni kwake. Katikati ya miaka ya 1960 aliacha skuli, akawekwa kwa fundi cherehani ajifunze kazi, na haukupita muda mrefu akawa na duka lake mwenyewe. Kutoka hapo alikwenda Abidjan, mji wa Ivory Coast uliokuwa na mabibi wenye fedha na hamu ya mitindo mipya, na mwanzoni mwa miaka ya 1970 akafika Paris. Jina la Chris alijipa mwenyewe, kwa kumuenzi Christian Dior. Wapo watakaoliona jina hilo kuwa ni dalili ya mtu aliyekipa kisogo kwao. Maisha yake yanaonyesha kinyume cha hayo, ijapokuwa njia yake ya kurudi kwao ilipitia Ulaya.

Maana ni huko Paris, mbali na nyumbani, ndiko alikoanza kuitazama kwa jicho jipya nguo ya bogolan, ambayo watu wa mjini kwao waliiona kuwa ni vazi la wawindaji na la watu wa shamba.

Bogolan ni neno la Kibambara, na bogo maana yake ni tope. Wanaume hufuma pamba kwa vipande vyembamba na virefu, ambavyo hushonwa ubavu kwa ubavu hata vikawa shuka moja. Hapo kazi huingia mikononi mwa wanawake. Shuka huchovywa katika maji ya majani maalumu, ikatoka na umanjano. Kisha mchoraji huchukua tope la mtoni au bwawani, lililokwisha kuvundikwa chunguni kwa muda mrefu, akalipaka. Chuma kilichomo topeni hushikana na dawa ya majani, na kila mahali tope lilipopita hubaki weusi usiotoka kwa kufuliwa. Ajabu ya kazi hii ni kwamba mwanamke yule haichori nakshi yenyewe, bali huchora kile kinachoizunguka. Nakshi ni ile sehemu iliyoepukwa na tope, ambayo mwishowe hupakwa dawa kali ikang'aa kwa weupe.

Nakshi hizo zina majina. Ipo inayokumbusha vita, ipo inayobeba methali, ipo inayomtaja mnyama. Wawindaji walivaa nguo hii porini kwa kutaka kinga, na wasichana walivishwa baada ya kutahiriwa, wakati ambapo damu iliaminika kuwa na nguvu za hatari. Mwenye kuijua lugha ile huisoma nguo kama mtu asomavyo shairi. Asiyeijua huona mapambo tu.

Mtihani wa Seydou ulikuwa hapo. Mshonaji wa mitindo ya Paris hana budi kukata: bega linataka kipande chake, kiuno chake, na mkono wake. Watu wa mwambao hawana haja ya kuelezwa mno jambo hili. Kanga ina pindo, mji na jina. Mkasi wa fundi ukipita katikati ya jina, msemo uliokusudiwa kumfikia jirani au mke mwenza hugeuka kuwa herufi zilizotawanyika, nusu mgongoni na nusu ubavuni. Seydou naye alisita mwanzoni kuikata bogolan, kwa kuwa alijua kwamba alichokishika si kitambaa kitupu.

Hatimaye alikata, lakini kwanza aliibadili nguo yenyewe. Shuka ya desturi hukusanya nakshi kadhaa zilizopangwa kwa makusudi, na kuipasua ni kuuvunja mpango huo. Yeye aliwaagiza watengenezaji wamfanyie shuka yenye nakshi moja au mbili zinazojirudia, ili popote pakatwapo vazi libaki na sura ile ile. Kwa shuka hizo akashona sketi fupi, makoti ya kubana mwili na kofia. Ilikuwa ni busara ya fundi, tena ni heshima ya namna yake, kwani alizinusuru shuka za zamani na mkasi. Lakini gharama ilikuwapo, nayo haifai kufichwa: nguo iliyokuwa ikisema mengi ilifundishwa kusema neno moja mara nyingi.

Baada ya kukaa tena Abidjan alirejea Bamako mwaka 1990, akashirikiana na kiwanda cha nguo cha ITEMA kutoa kitambaa cha kupigwa chapa chenye nakshi za bogolan. Hakikuwa na tope wala majani, na bei yake ilikuwa ndogo. Utawala wa Moussa Traoré ulianguka Machi 1991, na katika miaka hiyo bogolan ikawa alama ya taifa, ikivaliwa hata na vijana wa mjini ambao zamani wangeionea haya. Sifa hiyo si ya Seydou peke yake. Wasanii wa kundi la Bogolan Kasobane walikuwa wameanza tangu 1978 kuchora picha zao kwa tope lile lile. Hata hivyo, aliyeivisha nguo hiyo watu wa mitindo, ndani na nje ya Afrika, alikuwa yeye.

Alifariki tarehe 4 Machi 1994, akiwa na umri wa miaka 44. Wakati huo vijana wa kiume wa Bamako walikuwa wamekwisha kuingia katika kazi ya wanawake, wakipaka nakshi upesi upesi kwa vibao vilivyotobolewa, kwa ajili ya soko la watalii. Huko Beledugu, kaskazini ya mji, wanawake waliendelea kuchora kwa mkono, wakiwa na vyungu vyao vya tope, na mabinti zao wakijifunza pembeni.