Matuta ya Matombo

Katika semina moja hapa Morogoro, mwenzetu aliuliza kwa nini Taiwan hubadilisha marais kwa kura wakati China bara haifanyi hivyo, ilhali watu wa pande zote mbili wanazungumza Kichina na kuheshimu mababu walewale. Jibu la kwanza lilikuwa "utamaduni". Kutoka viti vya nyuma mtu akadakia: "Na sisi je? Si Mkenya na Mtanzania wanazungumza Kiswahili kimoja?" Tukacheka kwa sababu ya hilo neno "kimoja", na swali likapita.

Mimi halikunipita. Mwaka 2002 KANU, iliyotawala Kenya tangu uhuru, iliondolewa madarakani kwa kura. Upande wetu, chama kilichozaliwa kama TANU mwaka 1954 na kuendelea kama CCM tangu 1977 hakijawahi kushindwa uchaguzi mkuu. Tukiulizwa sababu huwa tunajibu haraka: Mtanzania mpole, Mkenya ana hasira. Jibu hilo huwapendeza watu wa pande zote mbili za mpaka, na ndiyo maana halichunguzwi. Ukitaka kulipima, huna haja ya kwenda mbali. Panda Uluguru.

Mwanzoni mwa miaka ya 1950 serikali ya kikoloni ilianzisha huku mpango wa matumizi ya ardhi. Hofu yake ilikuwa mmomonyoko: miteremko ni mikali, na maji ya milima hii huingia mto Ruvu, unaoinywesha Dar es Salaam. Dawa iliyoletwa ilikuwa matuta ya ngazi. Kila mkulima alitakiwa kuchimba, na asiyechimba alikuwa na kesi ya kujibu. Tatizo ni kwamba sehemu nyingi za mashariki ya Uluguru zina udongo wenye rutuba tabaka jembamba tu juu. Ukichimba ngazi unaufukia udongo huo na kuuleta juu ule usiozaa. Watu walikuwa wanalazimishwa kufanya kazi ngumu ili wavune kidogo zaidi.

Lakini udongo ulikuwa nusu tu ya ugomvi. Waluguru hufuata ukoo wa mama, na ardhi ilikuwa ya ukoo. Mkubwa wa ukoo ndiye aliyejua nani alime wapi. Hapakuwa na mtawala mmoja wa milima yote. Waingereza, waliotaka kutawala kupitia machifu, walichukua baadhi ya viongozi wa koo, akiwamo Kingalu wa Kinole, wakawapa cheo cha usultani na mamlaka ambayo milima haikuyajua. Amri ya matuta ilipokuja, ilishuka kwa ngazi hiyo: kutoka bwana shauri hadi sultani, kutoka sultani hadi jumbe. Kwa hiyo mkulima aliyekataa kuchimba alikuwa anakataa pia haki ya mtu huyo kumwamuru kuhusu shamba la ukoo wake.

Julai 1955 umati ulikusanyika Matombo kupinga. Polisi walifyatua risasi na mtu mmoja akafa. Baada ya hapo mpango uliachwa, na TANU, iliyokuwa na umri wa mwaka mmoja, ikapata milimani watu waliokwishajifunza kusema hapana. Hao ndio Watanzania wapole.

Sasa vuka mpaka. Mwaka 1947, katika wilaya ya Fort Hall, yaani Murang'a ya leo, wanawake wa Kikuyu walikuwa wakichimba matuta kwa amri ya serikali ya mkoloni yuleyule. Julai mwaka huo mkutano mkubwa uliamua kwamba wanawake wasichimbe tena, na kazi ikasimama. Mlima mwingine, jembe lilelile, jibu lilelile. Kama tabia ya watu ndiyo inayozaa siasa, hapa watoto wangefanana.

Tofauti ilianzia kwa yaliyofuata. Kenya ilikuwa na walowezi waliochukua ardhi nzuri, na hasira ya matuta ikaungana na hasira ya ardhi. Oktoba 1952 ikatangazwa hali ya hatari. Vyama vya Waafrika vilipigwa marufuku, na viliporuhusiwa tena mwaka 1955, viliruhusiwa ngazi ya wilaya tu. Kwa miaka kadhaa Mkenya aliyetaka siasa ilibidi aifanye nyumbani kwake, na watu wa kwao. Serikali wakati huohuo iliharakisha kuwapa wakulima Waafrika hati za kumiliki ardhi na ruhusa ya kulima kahawa. Matunda yalikuwa mawili: ukabila wa kisiasa, unaoiumiza Kenya mpaka leo, na kundi la watu wenye ardhi, fedha na ngome zao ambazo hakuna chama kilichoweza kuzimeza zote. KANU ilijaribu, ikajitangaza chama pekee kwa sheria mwaka 1982. Miaka ishirini baadaye ngome hizo ziliungana zikaishinda.

Tanganyika ilikuwa nchi ya udhamini, chini ya jicho la Umoja wa Mataifa. Machi 1955, miezi minne kabla ya Matombo, Nyerere alikuwa New York akizungumza mbele ya Baraza la Udhamini. TANU ilibanwa hapa na pale, lakini iliweza kukua kama chama cha nchi nzima, ikiokota kila lalamiko la matuta na la majumbe na kulifanya lalamiko moja. Uchaguzi wa 1960 iliondoka na viti 70 kati ya 71. Ushindi huo ulikuwa wa haki, na ndio ulioacha uwanja mtupu. Uchifu ulifutwa mwaka 1963, vyama vya wafanyakazi vikaunganishwa kuwa kimoja mwaka 1964, mfumo wa chama kimoja ukaingia katika katiba mwaka 1965, vyama vya ushirika vikavunjwa mwaka 1976. Mahali pote ambapo mtu wa Matombo angesimama kusema hapana tena, palikuwa ndani ya chama.

Hata hivyo, chama chenye mizizi hakilazimiki kuwa cha milele, na hapo ndipo Taiwan inapotufaa. Kuomintang ilikuwa na mashina, jeshi na sheria ya kijeshi tangu 1949. Lakini iliruhusu chaguzi za mitaa, na humo wapinzani walijifunza kugombea na kushinda. Mwaka 1986 waliunda chama kabla sheria haijaruhusu; mwaka uliofuata sheria ya kijeshi ikaondolewa; mwaka 2000 chama tawala kikashindwa kura ya urais. Singapore, yenye Wachina wengi na utajiri mkubwa, inatawaliwa na chama kilekile tangu 1959. Lugha haikuamua, utajiri peke yake haukuamua. Kilichopima uzito ni kama nje ya chama pamebaki mahali pa kusimama.

Kwetu, Tume ya Nyalali iliposikiliza wananchi, karibu wanne kati ya watano walitaka chama kimoja kiendelee. Tume ikapendekeza vyama vingi, na sheria ikapita mwaka 1992. Wengi hutumia hesabu hiyo kuthibitisha upole wetu. Mimi naisoma kama hesabu ya watu walioishi karibu miaka thelathini bila kuona namna nyingine.

Nilipokwenda Mgeta, upande wa magharibi wa milima hiihii, nilikuta matuta ya ngazi yakiwa mazima, yamejaa kabichi na karoti. Huko pana maji ya kumwagilia na soko la mboga, kwa hiyo ngazi zililipa na watu wakazitunza kwa hiari. Mgeta ni Waluguru, Matombo ni Waluguru. Nilimweleza mzee mmoja kwamba wenzao wa Matombo waliyakataa haya mpaka mtu akafa. Hakusema kwamba watu wa kule ni wakorofi. Aliuliza, "Udongo wao ukoje?"

Natamani lingekuwa hilo ndilo swali la kwanza semina ile.