Wayeye, Wacheza na Nyoka

Wasukuma walikuwa na Wayeye, chama cha siri cha wakamata nyoka na waganga wa sumu. Mwaka 1946 Hans Cory alichapisha makala juu yao. Mwanachama mpya alichanjwa dawa, akafundishwa mizizi, na namna ya kumkaba nyoka nyuma tu ya taya asipate kugeuka.

Uwanjani nyota alikuwa chatu. Hana sumu, ila hunyonga. Mchezaji alimvaa shingoni kama mtandio huku ngoma ikirindima. Huo ni upande wa tambo. Usiku mtu akigongwa na swila, aliyeitwa ni mchezaji yuleyule.

Mashindano ya Bagika na Bagalu, vyama viwili vya ngoma vya Kisukuma, hayakuhitaji jaji. Pande zote mbili zilicheza kwa wakati mmoja. Penye umati mkubwa ndipo penye ushindi. Chatu alijua kuhamisha umati!

Tangu miaka ya 1970 wafugaji wa Kisukuma wamehamia Mpimbwe na kwingineko Katavi, pamoja na ng'ombe na ngoma zao.

Mgeni, uganga huo usiuige: ukiumwa na nyoka usichanje wala usifunge kamba. Tulia, uwahishwe hospitali.